Ufagio wa Veikko

Haya yalimpata rafiki yangu Tuulikki, na mpaka leo hakanyagi tena Lapi, kule kaskazini ya mbali kwenye theluji.

Kibanda chao cha msituni hakina mtandao, kwa hiyo filamu alikuwa ameipakua mjini kwenye laptopu, pamoja na maandishi yake ya tafsiri yanayotokea chini ya picha. Walipofika, mumewe Veikko aliuondoa ufagio ulioegemezwa mlangoni, ile alama ya kwao kwamba ndani hamna mtu, akausimamisha jikoni. Kisha akachukua shoka akapasue kuni za sauna, chumba chao cha kuogea mvuke.

"Mauaji tena? Huchoki na damu, mke wangu?"

"Nenda zako, baridi inaingia!"

Ulikuwa mchana wa Desemba, na nje giza totoro, kwani huko majira hayo jua halichomozi. Shoka likaanza kulia: pwaa! pwaa! Kwenye filamu muuaji alisimama kimya, lakini chini pakaandikwa: "Tuulikki, ananiua!"

Akaisimamisha filamu. Picha ikaganda, maandishi yakaendelea: "Mkono wangu! Tuulikki, mkono wangu!"

Nje shoka sasa lililia kama linapiga nyama mbichi. Aliposukuma mlango, kitu kilichoegemezwa kwa nje kikaanguka thelujini. Ulikuwa ule ufagio wa jikoni, mpini wake ukichuruzika damu.