Chupa Iliyopitwa na Tarehe

Kila asubuhi kabla ya kunywa chai, Chiriku alipima sukari ya damu yake, akajidunga insulini yake, kisha akaanza kuzungumza. Nyumbani walimpa jina la ndege huyo kwa sababu mdomo wake haukupumzika mpaka alale.

Asubuhi moja alikuta chupa yake mpya imeganda kama jiwe. Jana yake joto lilikuwa kali, naye akaitia kwenye sehemu ya barafu ili ipoe vizuri. Moyo ukampiga paa! Mama alikuwa amemwonya: insulini hukaa kwenye friji, lakini haigandishwi.

Aliogopa kusema. Nyuma ya maziwa palikuwa na chupa ya zamani, tarehe yake ilishapita. Aliiinua kwenye mwanga. Ilikuwa angavu kama maji.

“Mbona nzima tu,” akajisemea, akajidunga. Jioni akarudia ileile.

Kesho yake darasani koo lilimkauka. Alikunywa maji, akaenda chooni, akanywa tena, akaenda tena.

“Leo umekuwa bomba?” rafiki yake alimtania. “Maji yanapita tu!”

Chiriku hakujibu. Rafiki akaacha utani. “Wewe kunyamaza? Basi unaumwa kweli.” Akamshika mkono, akampeleka kwa mwalimu. Mama akaitwa, wakaenda zahanati.

Sukari ilikuwa imepanda mno. “Mwanangu, dawa umechoma?” nesi aliuliza.

“Nimechoma.” Chiriku akamtazama mama, machozi yakamtoka. “Lakini ni ile ya zamani. Mpya niliigandisha. Niliogopa utanigombeza, mama.”

“Ningekugombeza, ndiyo,” mama alisema, akimfuta uso. “Halafu tungekuja kuchukua nyingine.”

Nesi alimdunga insulini nzuri, akampa maji, akawa anampima kila mara. Jua lilipoanza kupungua, sukari ilikuwa imeshuka, na Chiriku akauliza kama kuna chakula. Mama akacheka kwa mara ya kwanza siku hiyo.

Nesi akaketi ukingoni mwa kitanda.

“Insulini iliyopitwa na tarehe inaweza kung’aa kama mpya, kumbe nguvu imeisha. Iliyoganda, hata ikiyeyuka, usiitumie. Iliyoachwa juani pia huharibika. Kwa hiyo soma tarehe kabla ya kuchoma, na ukiwa na shaka, sema siku hiyohiyo. Mficha maradhi, kilio humfichua. Kosa la friji lilikuwa dogo, mwanangu. Kunyamaza ndiko kulikokulaza hapa.”