Begi la Kijani la Siku Nane

Gloriose alikuwa ameuza mabegi pale Warwick Junction, sokoni Durban, mwaka wa tisa sasa, na alikuwa na imani moja ambayo hakuna aliyeweza kumtoa: mtu akishika begi tu, yeye anajua anakwenda wapi na atakaa siku ngapi. Anayekwenda mazishini hununua dogo jeusi na habishani bei. Anayemkimbia mume huchagua lenye magurudumu yasiyopiga kelele. Jumamosi moja ya Januari, saa nne asubuhi, watu wamebanana na wabeba mizigo wanapiga miluzi wapishwe njia, akasimama mbele yake mwanamume mrefu aliyevaa shati la bluu lililonyooshwa hata mikunjo ya mikono ikasimama. Akalishika begi la kijani, kubwa kuliko yote, akawa anavuta zipu yake mbele na nyuma.

"Kaka, hiyo zipu itachoka kabla hujanunua."

"Naangalia kama ni nzima."

"Iko nzima. Begi ni zipu, hizo zingine ni kitambaa tu. Unahama?"

"Hapana. Safari ya siku nane."

"Siku nane!" Gloriose alicheka mpaka jirani zake wa biashara wakageuka. "Humo unatia nyumba na mwenye nyumba. Vraiment, kweli kabisa, unaenda wapi?"

"Ureno. Na watu wa parokia. Lisbon, Fatima, Coimbra, Porto, kwa basi, na mtu wa kutuonyesha."

Gloriose akaacha kucheka. Alikuwa amechangia safari hiyo hiyo kwa miaka miwili. "Kumbe wewe ndiye yule Mtanzania wa Isipingo, ambaye Maman Epiphanie anasema anaharibu kwaya?"

"Ndiye mimi. Chacha. Kuimba sijui, lakini kunyoa najua."

"Begi ni randi six-fifty."

"Nipunguzie, dada, tunakwenda kuhiji pamoja."

"Five-eighty. Na usiniite dada."

"Nikuite nani?"

"Zipu ikiharibika utarudi, nitakuambia."

Alirudi Jumanne. Zipu ilikuwa nzima kabisa.

Ndivyo walivyoanza. Kila jioni akifunga saluni yake ya kunyoa, Chacha alipiga simu. Kila Jumapili baada ya misa alifika South Beach, ghorofa ya kumi na moja, ambako Gloriose aliishi na mama yake, Marie-Jeanne. Mama huyu alikimbia Burundi akimbeba Gloriose mgongoni, na sasa vidole vyake vilikuwa vimekakamaa havishiki kitu. Gloriose alimfunga vifungo kila asubuhi na kumfungua kila usiku. Chacha alitazama shughuli ile mara ya kwanza, akatazama mara ya pili, wala hakusema neno. Gloriose alidhani haimhusu.

"Cherie, umekula?" Chacha alimuuliza kwenye simu siku moja ya Machi.

"Nimekula. Sauti yako iko namna gani leo?"

"Kioo cha saluni kimevunjika."

"Eish, pole. Utanunua kingine?"

"Nitanunua kingine."

Basi, hakuongeza. Alibadilisha maneno, akasema Julai atatuma watu kwa mama Marie-Jeanne, na kreti za bia kama wafanyavyo Warundi, waje kuomba mke kwa heshima. Gloriose alicheka, akamwambia Mkurya hajui kuomba, anajua kuchukua tu. Lakini alipokata simu aliketi kitandani akajikumbatia mwenyewe. Alikuwa na miaka thelathini na tatu, na tangu azaliwe alikuwa hajapangiwa kitu kizuri chenye mwezi wake.

Wasafiri walikuwa thelathini na wawili. Maman Epiphanie, mkuu wa akina mama wa parokia, ndiye aliyeweka sahihi kwa ajili yao wote walipoomba viza. Aliwakusanya ukumbini akawaambia bila kuzungusha: "Mmoja akipotea kule, mimi nimekufa. Na hakuna tena hija kwa mtu yeyote wa hapa, hata kwa watoto wenu." Kisha akakusanya pasi zote, akazitia kwenye mfuko wa kitambaa wenye kamba, akamvika Gloriose shingoni. "Huyu haibi, hata sindano."

Waliondoka mwisho wa Aprili. Ureno iliwapokea kwa mvua. Basi lilikuwa refu, safi, lenye harufu ya dawa ya viti, na mwongozaji wao, kijana mwembamba mwenye koti la manjano, hakuwa mtu wa kuhesabu vichwa. Kila mmoja alipewa jirani wa kiti, na kila asubuhi mwongozaji alisimama mbele akauliza safu kwa safu. Siku ya pili walikuwa wameshamfundisha neno.

"Jirani?" aliita kwenye kipaza sauti.

"Iko!" walimjibu, na basi zima likacheka.

Jirani wa Gloriose alikuwa Chacha, safu ya tisa. Walipita Lisbon wakipanda vilima hadi magoti yakalalamika. Walisimama Fatima na mishumaa yao mvuani, na Gloriose akaomba jambo moja tu, Julai. Kila mji walipewa muda kwa dakika: hapa ishirini, pale arobaini, choo, picha, ndani ya basi. Waliona makanisa mengi mno yakachanganyika vichwani. Alichokumbuka Gloriose ni mkono wa Chacha juu ya goti lake, chini ya kitenge, basi likikata mashamba ya mizabibu.

"Shati la bluu tena?" alimtania walipofika Coimbra. "Begi lote lile, na wewe unabadilisha mashati mawili tu, hili na la kijivu!"

"Wareno hawanijui."

"Mimi ninakujua. Unanitia aibu kwenye picha."

"Ndoa ikifungwa nitavaa la tatu."

Siku ya saba, Porto, walipewa saa nzima ya kujitembelea kando ya mto. Mvua ilikuwa imepumzika. Wenzao walitawanyika kutafuta rozari za bei nafuu. Chacha alimvuta mpaka kwenye ukuta wa mawe, akasimama akitazama maji.

"Nipe pasi yangu, Glo."

"Ya nini? Hoteli tumeshaingia."

Macho yake yalibaki majini. Na hapo Gloriose, fundi wa kusoma mabegi, akaliona tena akilini begi la kijani siku ile ya Januari, na zipu ikienda mbele na nyuma.

"Hurudi," alisema.

"Sirudi."

"Na Julai?"

"Watu watakuja Julai vilevile. Nitawatuma kwa simu. Nikipata kazi nitakuita, wewe na mama."

"Uniite! Hati yangu ya ukimbizi niliingoja miaka sita, Chacha. Mama hawezi hata kujifunga nguo. Unaniita wapi?" Aliushika mfuko kifuani. "Kumbe ni huu. Miezi minne ulikuwa unachumbia mfuko wa pasi."

"Nilikupenda kabla hujavikwa."

"Parokia nzima inajua Maman ananiamini mimi. Ulijua utakuwa kwa nani."

"Glo, nisikilize. Wamekuja saluni mara tatu, wale wanaotaka wageni tuondoke. Mara ya kwanza walivunja kioo. Ya pili walimpiga mteja aliyekuwa kitini, nusu kichwa kimenyolewa. Ya tatu walikuja na petroli, wakanipa siku saba. Ningerudi wapi?"

"Hukuniambia."

"Nilikuambia kioo kimevunjika."

Gloriose aliukumbatia mfuko kwa mikono miwili. Hasira ilikuwa imemkaba hata hakusikia alichoambiwa. Alisikia tu kwamba amefanywa mjinga, yeye, mbele ya begi aliloliuza kwa mikono yake. "Sikupi," alisema. "Utarudi nasi kesho, uje uniache Durban mbele ya watu, kama mwanamume."

Mfuko ulikuwa umening'inia shingoni kwa uzi mwembamba. Chacha alikuwa na mikono ya kutosha kuukata. Hakuinua hata mmoja. Alisema polepole, kama anavyosema mtu wa Durban anapokubali neno: "Sharp." Wakarudi kwenye basi, wakakaa safu ya tisa, na kitenge kikabaki kimekunjwa.

Asubuhi Gloriose aliamka na maneno yale yamemwingia. Petroli. Nusu kichwa kimenyolewa. Alitoa pasi ya Chacha mfukoni, akashuka ngazi bila viatu, akagonga mlango wa chumba chake. Mwenzake wa chumbani akafungua akisugua macho. Kitanda cha Chacha kilikuwa kimetandikwa.

Chini, kwenye mizigo iliyokuwa ikingoja kupakiwa, begi la kijani lilisimama katikati ya mengine. Karatasi iliyofungwa kwenye mpini wake ilikuwa na jina: Gloriose. Amenitwisha na takataka zake, alijisemea, na hasira ikarudi yote.

Mwongozaji alisimama mbele. "Jirani?"

"Iko!" "Iko!" Safu kwa safu, sauti zikimjia. Viti vilikuwa virefu, mtu wa mbele haoni wa nyuma. Ilipofika ya tisa, Gloriose alikuwa ameweka kitenge juu ya kiti kitupu.

"Iko," alisema.

Mpaka leo hajui kama alisema kwa mapenzi au kwa aibu. Basi liliwasha injini, likaelekea Lisbon, na kwa saa mbili alimnunulia Chacha nafasi ya kwenda mbali. Waliposimama kula, Maman Epiphanie alipita akigawa mikate, akafika safu ya tisa, akainua kitenge. Hakupiga kelele. Aliketi kwenye kiti kile, akiwa na mkate mkononi, na uso wake ukazeeka.

"Pasi yake iko wapi?"

"Ameondoka nayo, Maman," alidanganya mara ya pili, pasi ikimchoma kiunoni alikoificha.

Maman alimvua mfuko mbele ya wote. Kamba ilinasa kwenye hereni, akaivuta.

Durban haikumsamehe. Kampuni ya safari iliandika barua, kundi la mwaka ujao likafutwa. Kulikuwa na bibi wa miaka themanini kwenye orodha ile. Gloriose alimjua kwa jina. Kwenye kikundi cha akina mama nafasi yake alipewa mwingine. Maman Epiphanie alipita mbele ya meza yake Warwick kila Jumamosi, akitazama viazi vya jirani. Na simu ilipoita kwa namba ya Ureno, Gloriose aliikata. Ikaita tena, akaikata, na ujumbe wenye anwani ya Chacha hakuujibu. Begi lilikaa chini ya kitanda cha mama yake wiki tatu bila kufunguliwa.

"Mwanangu," mama Marie-Jeanne alimwambia Jumapili moja, "hilo begi la mtu linanigusa miguu. Litupe ao lifungue."

Gloriose aliliburuta, akavuta zipu kwa nguvu, akitarajia viatu vichafu na majinsi. Ndani kulikuwa na koti la baridi, jekundu lililokolea, la kipimo chake. Chini yake kulikuwa na lingine, la kijivu, zito, la mwanamke mfupi mwenye mabega yaliyoinama. Kulikuwa na soksi nene za miguu minne, na skafu mbili. Alipekua mpaka kwenye kitambaa cha chini. Hapakuwa na nguo hata moja ya Chacha; begi lote lilikuwa la watu wawili wa kuishi kwenye baridi. Mashati mawili, siku nane, na yeye akimcheka mbele ya basi zima.

"Ya nani hii ya kijivu?" mama aliuliza.

"Yako, Mama."

Alimvisha, akashika zipu ili aifunge kama anavyomfunga kila siku, na hapo akaona. Kwenye kishikio cha zipu mtu alikuwa amefunga pete ya funguo, kubwa, ya kuingia kidole kizima. Mama aliitazama. Akaingiza kidole chake kilichopinda, akavuta. Zipu ikapanda taratibu, tumbo, kifua, mpaka kidevuni.

"Ni nani aliwaza hii?" alisema mama. Akaishusha, akaipandisha tena mwenyewe. Gloriose alikaa sakafuni, akalia kwa sauti bila kujali majirani wa ghorofa.

Simu ilipoita kesho yake mezani kwake Warwick, aliipokea.

"Glo?" Nyuma ya sauti ya Chacha kulikuwa na mashine zikinguruma. "Glo, usikate."

"Sikati. Mama amefunga koti mwenyewe."

Chacha alisogea mbali na mashine. "Lilimtosha mabega?"

"Lilimtosha. Kwa nini hukunionyesha siku ile, pale mtoni?"

"Ungedhani nakuhonga, unipe pasi." Akakohoa. "Naosha vyombo, cherie. Tunalala sita chumba kimoja. Lakini nitatafuta. Mtakuja?"

Gloriose alitazama watu wakipita na mizigo yao. "Mama hatatoka tena hapa akiwa hai, unajua. Na mimi bila mama siendi. Baada ya yale ya basi, nani atanipa viza tena?"

"Basi nitarudi mimi. Mambo yakipoa. Pasi yangu si unayo?"

"Nimeituma asubuhi hii, kwa anwani ile uliyoniandikia kwenye ujumbe."

"Umeituma?" Sauti yake ilipasuka. "Kwa nini, Glo? Nilikuwa najua ukiwa nayo, siku moja nitarudi kuichukua."

"Na mimi nilikuwa najua hivyo hivyo. Kila siku ningekungoja, na wewe kila siku ungejificha huna karatasi." Alijifuta macho kwa kitenge. "Walivunja saluni yako, wameweka duka la simu. Usirudi, mpenzi wangu. Vaa shati la tatu."

Alisikia akilia, mwanamume mrefu yule, katikati ya sahani za watu. Alimwacha alie mpaka simu ilipokatika yenyewe.

Alikuwa bado ameishika mkononi alipofika mteja, mwanamume wa makamo mwenye kofia, akapita mabegi madogo yote, akashika kubwa, la kahawia, akaanza kujaribu zipu.

"Mama, hili bei gani? Nina safari ya wiki moja."

Zamani angecheka. Alivuta kiti, akamkaribisha akae, akamtazama usoni.

"Bei tutaelewana," alisema Gloriose. "Niambie kwanza, hili begi ni la watu wangapi?"