Mwanamke wa Ndani ya Spika

Tik!

Swichi ya jikoni hiyo. Giza la alfajiri lilikuwa bado halijaondoka, na upande wa pili wa kitanda ulishapoa. Mshonaji akatega sikio.

"Pumua, mpenzi," mumewe alikuwa akinong'ona. "Taratibu... hapo hapo. Ukipumua hivyo unanimaliza."

Sauti ya mwanamke ikamjibu kwa wimbo, laini, ya kubembeleza.

Wivu ukamfurika kama maziwa motoni. Mume huyu mtunzi alikuwa hana habari nyingine ila opera yake ya majaribio: eti mwanamke anaungana na mashine, kiungo kwa kiungo, mpaka haijulikani nani ni nani. Kumbe kuna muungano mwingine!

Akausukuma mlango.

"Yuko wapi?"

"Nani?"

"Usinifanye mtoto! Hawara yako!"

Jikoni hapakuwa na mtu mwingine. Kompyuta na spika tu, juu ya meza yake ya kukatia vitambaa.

"Mke wangu, ni mashine. Naifundisha kuimba."

"Mashine ndiyo inaitwa mpenzi? Mimi mwenye damu naitwa 'chai iko wapi'!"

Mume akainamisha kichwa.

Simu ya mume ikalia, ujumbe umeingia. Mshonaji akaiwahi. Ulikuwa wa mwimbaji mkuu wa opera: "Mtunzi, sauti uliyonitumia imenitoa machozi. Nimeshika adabu. Mpe yeye nafasi yangu, haha!"

"Yeye nani? Sema, au naondoka na mwanangu sasa hivi."

"Ni wewe."

"Nini?"

"Nilikurekodi ukimbembeleza mtoto. Mashine imejifunza kwako. Niliogopa nikikuomba utakataa, nikanyamaza. Nilikosea."

"Sauti yangu naijua! Si nyororo hivyo. Unanipaka mafuta kwa mgongo wa chupa."

"Mama watoto, hakuna anayejisikia kama anavyosikika..."

Hakungoja amalize. Akaanza kutupia nguo za mtoto kwenye begi. Uongo uliopambwa vile! Afadhali hawara mwenye miguu, angemfuata wakashikana mashati yakaisha.

Mume hakumzuia. Wimbo uliendelea.

Mtoto akatoka chumbani akiburuta shuka, jicho moja bado limelala. Hakumtazama baba wala mama. Akaenda moja kwa moja kwenye spika, akalaza shavu juu yake, kidole kinywani, vile vile anavyojilaza kifuani kwa mamake.

Begi likamponyoka Mshonaji. Mumewe akanyoosha mkono, naye hakuusukuma.

Mtoto akatoa kidole kinywani.

"Mama anaimba."