Kura Tatu za Kaanaeli

Karani hakuinua hata uso. "Darasa la ngapi?"

"La sita."

"Mapato kwa mwaka?"

Yoeli Sumari alitaja mshahara wake wa gereji. Karani akatikisa kichwa na kurudia maneno aliyokuwa akiyasema tangu asubuhi: anayetaka kuandikishwa kupiga kura awe na darasa la nane, au mapato ya paundi mia na hamsini kwa mwaka, au cheo kinachotambuliwa na serikali.

"Wewe huna hata kimoja. Mwingine!"

Ilikuwa Jumamosi ya soko, mwanzoni mwa mwaka 1958. Nje ya boma la Arusha watu walisongamana, vumbi likinuka ndizi mbivu na moshi wa malori. Yoeli aligeuka kwa hasira, na buti lake likatua juu ya mguu wa mtu aliyesimama nyuma yake.

"Aa, kaka! Huo mguu nauhitaji kesho kanisani!"

Alikuwa msichana mrefu, mweusi wa kung'aa, amevaa gauni la samawati lenye maua madogo, sweta nyeupe na viatu vyeupe vya turubai. Kimoja sasa kilikuwa na muhuri wa grisi.

"Samahani, dada. Sikukuona."

"Urefu wote huu, hukuniona?"

Kabla hajajibu, karani aliita. Msichana akasogea mezani. "Darasa la nane," alisema, "na miaka miwili ya unesi." Kwa mara ya kwanza siku ile karani aliinua uso. "Jina?"

"Kaanaeli binti Solomoni. Natoka Nkoaranga."

Alipotoka alimkuta Yoeli akimngoja na kitambaa chenye petroli. Kijana alipiga goti palepale, mbele ya wauza ndizi, akaanza kukisugua kile kiatu.

"Kwa hiyo serikali imekuona wewe ni mtu," alisema akiwa ameinama. "Mimi bado."

"Pole. Lakini kura ni nini? Si karatasi tu?"

"Anayesema hivyo ni yule aliyenayo."

Kaanaeli alicheka, kisha akamhurumia. "Basi usinune. Hiyo yangu tutaitumia wawili."

Alisema kwa utani, amfariji mtu asiyemjua. Yoeli hakuyachukua kama utani.

Miezi iliyofuata mapenzi yao yalisafiri kwa mabasi na kwa simu. Kila Jumatano, akimaliza zamu hospitalini, Kaanaeli aliteremka njia ya mteremko mkali hadi Usa, kwenye duka la Rasik, ambako kulikuwa na simu ukutani katikati ya madebe ya mafuta ya taa na majora ya khanga. Upande wa pili, mjini, aliyepokea alikuwa mwenye gereji, Kalasinga mmoja mwenye sauti ya honi.

"Haloo! Gereji!"

"Naomba kuongea na Yoeli, bwana."

"Yoeli iko chini ya lori. Wewe nani?"

"Mimi nesi."

"Nesi! Yoeli gonjwa?"

"Hapana, mzima."

"Kama mzima, nesi ya nini? Basi hii harusi hii!" Akacheka hadi simu ikakwaruza. "Yoeli! Toka! Dawa yako imekuja!"

Yoeli alishika simu kwa vidole viwili asiipake mafuta. "Mpenzi."

"Umekula?"

"Nimekula sauti yako."

"Mwongo. Sauti haishibishi. Jumapili njoo nyumbani, nimekuwekea loshoro ya ndizi na mahindi, na maziwa yameganda vizuri. Na uje na lile shati jeupe. Baba anataka kuona kama una shingo."

Alikwenda, na shingo ikaonekana. Mzee Solomoni, baba yake Kaanaeli, mzee wa kanisa, alimpenda kijana yule aliyekaa wima na kujibu kwa heshima. Ikakubaliwa kwamba kahawa ikishavunwa, upande wa Yoeli utaleta wazee kuposa.

Mwezi Septemba ukafika, na siku ya kura ikakaribia. Jumapili moja alasiri wapenzi hao walikaa kwenye mawe ya mto Themi, miguu yao majini.

"Umeshaisoma ile karatasi inavyokuwa?" Yoeli aliuliza.

"Wametuonyesha. Majina yako mafungu matatu. Unachagua Mwafrika mmoja, Mhindi mmoja, Mzungu mmoja. Usipomchagua mmojawapo, karatasi nzima imeharibika, inatupwa. TANU wamesema tupige zote tatu, tuwachague wale wanaotuunga mkono."

"Nimesikia walivyosema." Yoeli alimgeukia. "Kaanaeli, nilikuambia mama yangu alikufa. Sikukuambia alikufaje."

Akamweleza. Mwaka 1951 serikali ilipowatoa Wameru Ngarenanyuki ili nchi ile wapewe masetla wa Kizungu, yeye alikuwa darasa la sita. Askari walikuja asubuhi. Shule ilibomolewa, nyumba zikachomwa na mahindi ndani. Mama yake alikuwa na homa. Walimtoa juu ya ngozi ya kulalia, wakamlaza kando ya barabara, mvua ikanyesha siku tatu. Siku ya nne alifariki, na baba yake, Mzee Sumari, alichimba kaburi mahali ambapo kesho yake walifukuzwa tena.

"Shule sikurudi," alisema. "Ndiyo maana karani aliniambia mwingine. Walichukua shamba, wakachukua mama, na ile kura wakaichukua siku hiyohiyo. Sasa na wewe uende ukaweke alama kwenye jina la Mzungu?"

"Huyu si yule, Yoeli. Huyu yuko na sisi."

"Awe malaika. Siwezi kulala na mkono uliofanya hivyo." Alimshika mkono huo, akaukandamiza kifuani. "Uliniambia tutaitumia wawili. Basi nusu yangu ni hii: fungu la Wazungu liache tupu."

"Itaharibika yote."

"Iharibike. Angalau mmoja kati yetu awe amekataa. Niahidi."

Machozi yalikuwa yakimteremka Yoeli hadi kidevuni, naye hakuyafuta. Ni nani angeweza kusema hapana? "Nakuahidi," Kaanaeli alisema.

Siku ya kura alifika kituoni Nkoaranga ukungu ukiwa bado umeufunika mlima. Katika mstari ule mrefu wa makoti na kofia, wanawake walikuwa wanne tu. Lakini nje ya ua walikuwapo wengine wengi, kina mama waendao sokoni, waliotua mizigo yao ya ndizi ili wamwone mwanamke akipiga kura. Hawakuwa na darasa la nane wala la kwanza. Wengi wao Kaanaeli alikuwa amewazalisha kwa mikono yake.

Mmoja, Mama Eunike, aliusogelea ua na kumwita. "Mwanangu, tumesikia ukikosea kidogo tu wanaitupa."

"Ndiyo, mama."

"Basi usikosee. Tafadhali. Nenda polepole."

Kaanaeli aliingia nyuma ya pazia na penseli. Aliweka alama ya kwanza, akaweka ya pili, akasimama. Alimwona Yoeli majini, akamwona na mama yule asiyewahi kumjua, juu ya ngozi, mvuani. Nje alisikia wanawake wamekaa kimya, kama watu wanaosubiri mtoto alie. Msimamizi akakohoa. Kaanaeli akaweka alama ya tatu, akaikunja karatasi, akatoka.

Jioni Yoeli alikuwa akimngoja njia panda ya Usa, amevaa lile shati jeupe.

"Umefanya?"

Alitaka kumweleza. Aliapa baadaye kwamba maneno alikuwa nayo mdomoni. Lakini uso wa kijana ulikuwa na furaha ambayo hakuwahi kuiona juu yake. "Nimefanya," alisema, na Yoeli akambeba juu na kumzungusha, akina mama wa sokoni wakapiga vigelegele. Palepale alimwambia kwamba wazee wangekuja Jumamosi ya wiki ijayo. Kila siku iliyopita Kaanaeli alijiambia, kesho nitamwambia.

Kesho hiyo haikuwahi kufika; yalifika matokeo. Walikuwa wote wawili kwenye umati nje ya boma, mkono kwa mkono, yalipotangazwa: katika Jimbo la Kaskazini watu wote watatu waliosimama na TANU wameshinda, kwa kura nyingi mno. Kofia zilirushwa juu. Wazee walikumbatiana wakilia. Watu wakaanza kuimba na umati ukayumba kama shamba la ngano kwenye upepo. Dismasi, rafiki yake Yoeli, aliyekuwa wakala wa chama katika chumba cha kuhesabia, aliwapasulia njia akiwa amekauka sauti.

"Shemeji! Nkoaranga mmetutoa kimasomaso! Masanduku mengine yalikuwa na karatasi mbovu, lakini lenu, kura mia moja themanini na saba, haikuharibika hata moja! Hata moja!"

Akapotea kwenye umati akipiga mbinja. Yoeli hakusogea. Mkono wake ulilegea ndani ya mkono wa Kaanaeli, kidole kimoja kimoja.

"Pengine amehesabu vibaya," alisema.

Hapo alimpa mlango wa kupitia. Kaanaeli hakuupita.

"Hakukosea."

"Uliniambia umefanya."

"Nilikudanganya. Hilo ni kosa langu, nakuomba unisamehe. Lile lingine si kosa."

"Mama yangu..."

"Mama yako ningemlaza kitanda cha kwanza wodini, ningemkesha. Lakini nje ya ua walikuwa mama wengine, Yoeli, hai, wakinisubiri. Ningetoka niwaambie nini? Wewe hukuwa na kura, ukaitaka yangu. Haya, na mimi ningebaki na nini?"

"Ungebaki na mimi," alisema Yoeli.

Alisema kwa sauti ndogo, kati ya watu elfu waliokuwa wakiimba. Kisha akamwachia, akaondoka kuelekea Kisongo, ambako si kwake wala kazini, akitembea tu. Kaanaeli alimwita mara mbili. Mwanamke mmoja alidhani anashangilia, akamshika mkono wacheze.

Jumamosi iliyopangwa, Mzee Solomoni alikuwa ameita ndugu. Pombe ya ndizi ilikuwa tayari, mbuzi amechinjwa, na Kaanaeli amekaa chumbani na gauni jipya la rangi ya maziwa, Paskalina nesi mwenzake akimsuka. Saa sita ikapita, saa nane, saa kumi. Ndugu walianza kuzungumza juu ya mvua. Hatimaye mama yake aliingia, akaufunga mlango, akaanza kumfumua nywele.

Jumatano alipiga simu.

"Haloo. Gereji," sauti ilisema, wala haikunguruma.

"Naomba Yoeli, bwana. Tafadhali."

Pale gereji Yoeli alikuwa amesimama hatua mbili kutoka kwenye simu. Alitikisa kichwa. Yule Kalasinga alimtazama, akafumba macho.

"Yoeli hapana, mama. Kwenda mbali na lori."

"Atarudi lini?"

"Sijui. Samahani, binti. Sijui."

Baba yake Yoeli alisikia habari, akamwita. Mzee Sumari alikuwa mtu wa maneno machache tangu Ngarenanyuki. "Mimi ndiye niliyemzika," alimwambia mwanawe. "Nami, kama wangenipa karatasi, ningeweka alama zote tatu. Umemwadhibu mtoto wa watu kwa msiba wangu."

Yoeli alikasirika na baba yake pia, na hasira hiyo ilimchukua miezi mitano. Ilipomwisha, alipiga pasi shati lake, akapanda mlima Jumapili moja ya Machi, akakaa benchi la mwisho kanisani. Alipanga kumsubiri mlangoni. Kabla ya wimbo wa mwisho mchungaji alisoma matangazo, na la ndoa likasomwa mara ya tatu: Kaanaeli binti Solomoni, na mwalimu mmoja wa Kimandolu, aliyefiwa na mke na kuachiwa binti mdogo. Mwenye kizuizi na aseme.

Yoeli alitazama mikono yake. Kizuizi hakuwa nacho, majuto si kizuizi. Alitoka wengine walipoinama kuomba.

Mwaka 1960 sheria ililegezwa, na mtu aliyejua kusoma na kuandika akaruhusiwa. Yoeli aliandikishwa safari hii. Akaingoja siku kwa hamu ambayo hakumwambia mtu. Lakini katika majimbo mengi wagombea wa TANU walikosa mpinzani, wakapita bila kupigiwa kura, na jimbo lao likawa mojawapo. Siku aliyoingojea miaka yote ilipita kama siku nyingine, naye aliimaliza chini ya lori la kahawa.

Wiki hiyo alikutana naye sokoni. Kaanaeli alikuwa amenenepa kidogo, kitambaa cha kijani kichwani, kikapu mkononi. Pembeni yake alisimama msichana wa miaka kama sita.

"Nilisikia umeandikishwa," Kaanaeli alisema. "Nilifurahi."

"Hapakuwa na wa kumpigia."

"Nilisikia na hilo."

Wauzaji walinadi nyanya. Yoeli alitafuta mahali pa kuweka macho yake.

"Nilikuja Nkoaranga," alisema. "Ile Jumapili ya tangazo la tatu. Nilikuja kukuambia ulifanya sawa."

Kaanaeli aliweka kikapu chini. "Nilikungoja hadi Krismasi," alisema. "Baada ya hapo nilikuwa naogopa usije ukaja." Akavuta pumzi, akamsogeza mtoto mbele kwa upole, mkono wake umetulia begani kwake.

"Anyesi, msalimie mjomba."

Mtoto alimtazama yule mtu mwenye mafuta mikononi, akapiga goti kidogo kama alivyofundishwa.

"Shikamoo, mjomba."

Watu walipita kati yao na kuwazunguka. Kaanaeli hakumwondolea macho. Yoeli alijua anaombwa awe kaka tu, na alijua hakuna kurudi nyuma.

"Marahaba," alisema.