Ng'ombe Arobaini wa Karatasi

Mambo yaliharibika Jumanne, tarehe sita Machi mwaka wa 2001, kabla jua halijapanda. Seleyian alikuwa amechuchumaa kando ya Narok, yule ng'ombe mweusi, akikamua kama alivyofanya kila asubuhi tangu mama yake afariki. Akimaliza huvaa sare, huacha maziwa kwenye hoteli moja pale Kitengela, kisha hukimbilia shule. Siku hiyo maziwa hayakufika hotelini.

Lori lilisimama langoni. Dalali akashuka na karatasi mkononi, bila hata salamu.

"Tajeu ni nani hapa?"

"Ni mimi," baba yake Seleyian alisema.

"Benki ya ushirika imenituma. Mkopo haujalipwa miezi minane. Dhamana ni ng'ombe arobaini, na nimekuja kuwachukua."

"Arobaini? Wewe unaona arobaini hapa?"

Dalali akanyoosha kidole na kuanza kuhesabu kwa sauti, mmoja, wawili, watatu. Seleyian aliacha kukamua. Kwao ng'ombe hawahesabiwi hivyo, maana kuwahesabu ni kuwaitia mkosi.

"Kumi na wanne," dalali akasema. "Mzee, umeficha ishirini na sita. Nakupa siku kumi na nne uwalete. La sivyo nabeba hawa wote, hata huyo anayekamuliwa."

Seleyian alijua hiyo arobaini ilikotoka. Miaka miwili nyuma, afisa wa mikopo aitwaye Musila alikuja kwao na fomu. Aliketi chini ya kivuli cha nyumba, akauliza, "Uko na ng'ombe wangapi?" Baba akajibu kama mtu wa kwao: "Wako. Mungu amenipa." Musila akacheka, akaandika. Seleyian, aliyekuwa akimimina chai, aliona kalamu ikichora nne na sifuri. Alikuwa na miaka kumi, na mtoto hakatizi wakubwa. Akanyamaza. Baba hakujua kusoma, tena aliona haya kuomba asomewe. Akapiga dole gumba kwenye fomu.

Shuleni, Nanjala, aliyeketi naye dawati moja, alishangaa kusikia habari hiyo.

"Hamhesabu ng'ombe? Sasa mmoja akipotea, mnajuaje?"

"Wewe ndugu zako wakiingia nyumbani jioni, huwa unawahesabu?"

"Zii. Naona tu nani hayuko."

"Basi."

Baba alipeleka malalamiko yake mahakamani Kajiado, naye Seleyian akaambiwa atakuwa shahidi. Jioni moja kabla ya kesi, Ezra, mdogo wake baba, alimwita kando.

"Hakimu akikuuliza, sema hao ishirini na sita walikufa kiangazi. Nani atabisha? Mwaka jana mizoga ilijaa kutoka hapa mpaka Namanga."

"Lakini baba mdogo, huo ni uongo."

"Uongo wa kumwokoa baba yako? Hao watu wa benki wanadanganya wakiwa na tai shingoni. Wewe unaogopa nini?"

Seleyian alimtazama baba yake. Baba aliendelea kumkuna Narok shingoni.

Mahakamani, Musila alisimama wa kwanza. "Mheshimiwa, mzee mwenyewe alisema arobaini."

"Mimi?" Tajeu akasema. "Tangu nizaliwe sijatamka hesabu ya ng'ombe wangu. Hata mke wangu, Mungu amrehemu, hakuwahi kuisikia."

Watu wakacheka. Hakimu, mama mwenye miwani, hakucheka. Alimgeukia Seleyian.

"Binti, hao wengine walikwenda wapi? Walikufa?"

Nyuma, Ezra akakohoa. Ilikuwa rahisi sana kusema ndiyo. Seleyian aliwaza Narok akipandishwa lori.

"Watano walikufa, Mheshimiwa. Hao wengine hawakuwahi kuzaliwa."

Kicheko kikaenea tena. Hakimu akainua mkono. "Utajuaje, nanyi hamhesabu?"

"Nawajua kwa majina."

"Wataje."

Akafumba macho, akawaona wakiingia bomani jioni. Narok, mweusi. Arus, wa madoa. Pus, wa kijivu. Yule wa pembe moja, na binti yake. Kwa kila jina karani alichora mstari. Alipofika kwa wale watano waliokufa, aliwataja pia. Mistari ikawa kumi na tisa.

"Kuna jambo lingine," akasema. "Niliona afisa akiandika nne na sifuri. Hata bomani hakuingia. Niliona, nikanyamaza."

Hakimu akamtazama Musila. "Uliingia bomani?"

Musila alishika tai yake. "Mheshimiwa, wakubwa ofisini walitaka mikopo mingi. Kwa ng'ombe wachache, fomu ingerudishwa."

"Na wewe mzee, pesa ulipokea?"

"Nilipokea. Deni ni langu, silikatai. Nalikataa lile boma la karatasi."

Hakimu aliamua kwamba hakuna aliyeficha ng'ombe, na kwamba dalali asiguse hata ndama. Tajeu angelipa kidogo kidogo kila mwezi, kutokana na maziwa. Kisha akavua miwani.

"Mzee, usipige dole kwenye karatasi ambayo hujasomewa. Kuuliza si aibu. Aibu ni kunyang'anywa boma kwa sababu hukuuliza. Na wewe binti, umesema kweli mahali ambapo uongo ungekusaidia. Shika hivyo hivyo. Lakini siku nyingine ukiona kosa, liseme pale pale, kwa heshima. Kweli ikichelewa, hugharimu."

Nje, Ezra alimwekea Seleyian mkono kichwani. Baba aliinua macho, akamwona Musila akiingia kwenye gari la benki, dereva akimfungulia mlango.

"Baba," Seleyian akauliza, "sisi tutalipa kila mwezi. Je, walioandika arobaini, wao watashtakiwa lini?"