Nafuu ya Kila Mwezi

Kila Jumamosi asubuhi, kazi ya Mkaguzi ilikuwa kuosha brashi za baba yake. Aliziloweka kwenye ndoo, akazichana kwa kitana kibovu, kisha akazining'iniza nyuma ya nyumba zikauke. Mkaguzi halikuwa jina lake la kuzaliwa. Alipachikwa jina hilo na mjomba wake alipokuwa darasa la pili, kwa sababu kila akitumwa dukani alihesabu chenji mara mbili mbele ya muuzaji, bila haya hata kidogo. Sasa alikuwa darasa la sita, msichana wa miaka kumi na miwili, na hata mwalimu wake alikuwa akimwita hivyo.

Baba yake alikuwa fundi rangi. Alikuwa mtu mpole, lakini kwa jambo moja hakukubali kuyumbishwa: hakuzimua rangi kupita kiasi. Wapo wateja waliombembeleza aongeze maji ili kopo moja litoshe nyumba nzima. Aliwajibu vilevile kila siku.

"Ukitia maji mengi utaona umeokoa kopo. Lakini ukuta utakunywa mkono wa kwanza wa rangi, utakunywa wa pili na wa tatu, na bado madoa ya zamani yatachungulia. Na mimi utanilipa kila nikipanda ngazi. Haya, umeokoa nini?"

Wengine walielewa. Wengine walikwenda kutafuta fundi mwingine, na baba hakuwafuata.

Jambo la kuchekesha ni kwamba nyumba aliyoishi mwenyewe ilikuwa imechakaa kuliko zote mtaani. Ilikuwa ya kupanga, na baba alikuwa ameapa kwamba hawezi kumpambia mtu mali yake bure. Kuta za sebuleni zilikuwa na rangi ambayo hakuna aliyeweza kuitaja, si kijivu wala si maziwa. Hata hivyo waliipenda. Mkaguzi alizaliwa wakiwa humo. Zahanati alikofanya kazi mama yake, aliyekuwa muuguzi, ilikuwa mwendo mfupi tu, na shule ilikuwa nyuma ya zahanati.

Mwezi ule mwenye nyumba, bibi aliyekuwa akihamia kwa binti yake, aliamua kuiuza. Alitaka milioni arobaini. Kulikuwa na mfanyabiashara wa vipuri vya magari aliyekuwa tayari kulipa taslimu, lakini bibi aliwahurumia wapangaji wake. Aliwapa nafasi ya kwanza mpaka mwisho wa mwezi. Wakishindwa, wahame.

Baba na mama walikuwa na akiba ya milioni kumi, iliyokusanywa kwa kujinyima miaka mingi. Zilizobaki, milioni thelathini, zilibidi zitoke benki.

Mkaguzi alikuwa kwenye brashi ya mwisho aliposikia mlango wa mbele ukifunguliwa kwa kishindo. Baba yake na mjomba wake walikuwa wamerudi kutoka benki. Huyu mjomba, mdogo wake mama, alikuwa fundi simu. Alikuja kukaa nao wiki mbili wakati akitafuta chumba, na wiki mbili zile zilikuwa zimeingia mwaka wa tatu. Alilala chumba cha mbele, akala vizuri, na wala hakuwa mtu mbaya.

"Tumeipata!" mjomba alipaza sauti. "Mkaguzi, njoo usikie! Nyumba ni yetu!"

Baba alikuwa anatabasamu mpaka magego yakaonekana. "Wametupa mpango wa nafuu, miaka ishirini na mitano. Kila mwezi laki tatu na elfu kumi na sita. Nikipata nyumba mbili za kupaka kwa mwezi, na mshahara wa mama yako ukiwepo, tunapumua. Jumanne tunatia saini."

"Shemeji, mimi nilikwambia," mjomba alisema huku akijipiga kifua. "Wale walikuwa na mpango mwingine wa miaka kumi na mitano, laki tatu na elfu sitini kwa mwezi. Nikamwambia shemeji, achana nao, ghali! Chukua wa nafuu."

Mkaguzi alifurahi mpaka akarukaruka. Kisha, kwa mazoea tu, kama anavyohesabu chenji, alianza kuzidisha kichwani. Tarakimu zikamchanganya. Aliokota kipande cha chaki ambacho baba yake alitumia kuwekea alama ukutani.

"Baba, naomba niandike hapa. Si utapaka?"

"Andika, mwanangu. Ukuta ni wetu sasa."

Aliandika pale sebuleni, kwa tarakimu kubwa. Elfu mia tatu na kumi na sita mara miezi kumi na miwili. Jibu akalizidisha kwa miaka ishirini na mitano. Alipomaliza alirudi nyuma akatazama, akafuta, akaanza upya. Jibu halikubadilika.

"Baba, inakuja milioni tisini na nne na laki nane."

Mjomba aliangua kicheko. "Leo Mkaguzi kakaguliwa! Umeongeza sifuri."

"Sijaongeza, Mjomba."

"Umeongeza," baba alisema, bado akitabasamu. "Tunakopa milioni thelathini. Thelathini itakuwaje tisini na tano? Riba tunaijua, lakini haiwezi kuwa zaidi ya mara mbili ya mkopo wenyewe. Tena ndiyo wameuita mpango wa nafuu. Tafuta hiyo sifuri uitoe."

Mkaguzi aliitafuta. Mpaka chakula cha mchana kilipoiva alikuwa hajaiona, na hesabu ikabaki ukutani.

Mama alirudi kutoka kazini akiwa na sare yake nyeupe. Akasikiliza habari njema akiwa bado mlangoni, akamkumbatia mumewe. Kisha akauona ukuta. Aliuliza ile ni hesabu ya nini, na alipoambiwa alitoa simu yake akabonyeza tarakimu zilezile polepole. Akarudia mara ya pili.

"Baba Mkaguzi," alisema, "mtoto hajakosea."

Tabasamu likamtoka baba. Aliichukua simu, akabonyeza mwenyewe, akairudisha. Halafu akakasirika. Hakuwa na wa kumkasirikia pale ndani, kwa hiyo aliwakasirikia wote.

"Sasa mnataka nini? Tumwachie yule wa vipuri? Tuhame, mtoto abadilishe shule, wewe uamke alfajiri kutafuta usafiri? Nimewatafutia nyumba, mnaniletea hesabu!"

Akatoka nje. Mkaguzi alijisikia vibaya sana. Nyumba nzima ilikuwa inacheka, na yeye kwa kipande cha chaki alikuwa amezima kicheko hicho. Alitamani angekuwa amekosea kweli.

"Usilie," mama alimwambia. "Hajakukasirikia wewe. Ameogopa. Jumanne tutakwenda wote benki, tukaulize."

Shule zilikuwa zimefungwa, kwa hiyo Jumanne walikwenda wote wanne. Mjomba alisema anakwenda kama shahidi. Afisa mikopo alikuwa mwanamke wa makamo mwenye miwani iliyokaa juu ya kichwa muda wote. Mkaguzi alimwamkia, "Shikamoo," naye akaitikia, "Marahaba, mwanangu," akawavutia viti. Karatasi za kutia saini zilikuwa mezani, zimepangwa vizuri na kalamu juu yake.

Baba alikohoa kidogo. "Kabla ya saini, dada, kuna jambo dogo. Binti yangu alipiga hesabu akapata karibu milioni tisini na tano. Nadhani kuna mahali alikosea."

Aliyasema kwa sauti ya mtu anayeomba akubaliwe.

"Hajakosea," afisa alisema. "Ndiyo jumla yenyewe. Imeandikwa ukurasa wa nne."

Mjomba alianza kuchunguza dari.

"Lakini nilikuomba mpango wa nafuu!" baba alisema.

"Na ndio niliokupa, fundi. Uliniambia unataka nafuu kila mwezi. Huo ndio wenye malipo madogo kuliko yote kwa mwezi. Sikusema ni bei nafuu."

"Kwani tofauti ni nini?"

Afisa alishusha miwani ikakaa machoni, kwa mara ya kwanza siku ile. "Nisikilize. Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni thelathini. Riba yake kwa mwezi ni asilimia moja, yaani laki tatu. Wewe unaleta laki tatu na elfu kumi na sita. Laki tatu zinakwenda kwenye riba. Zinazopunguza deni ni ngapi?"

Alikuwa amemuuliza baba, lakini Mkaguzi ndiye aliyejibu kwa sauti ndogo. "Elfu kumi na sita."

"Elfu kumi na sita tu. Mwezi wa pili deni limepungua hicho kidogo, na riba inahesabiwa upya kwa lililobaki. Linashuka, lakini kwa miaka mingi ya mwanzo linashuka polepole sana."

Baba aliitazama mikono yake, yenye rangi kwenye kucha.

"Hii ni rangi iliyotiwa maji," alisema hatimaye. "Napiga mkono, ukuta unakunywa. Napiga mwingine, unakunywa. Miaka ishirini na mitano nimo ngazini, na kila mkono nalipia." Akamgeukia mkewe. "Nitakuwa na miaka sitini na mitatu. Huyu hapa atakuwa na thelathini na saba. Atakuwa mtu mzima kama mimi, na bado ninaleta pesa kwenye meza hii."

Mkaguzi hakuwahi kumwona baba yake akiwa na hofu. Sasa alimwona, na akaogopa naye.

"Na ule mwingine?" mama aliuliza. "Wa miaka kumi na mitano?"

"Laki tatu na elfu sitini kwa mwezi. Jumla milioni sitini na nne na laki nane." Afisa akasema kwa unyenyekevu, "Nilipaswa kukuwekea hesabu zote mbili, ya mwezi na ya jumla, siku ile, bila kusubiri kuulizwa. Watu wengi huniuliza ya mwezi tu, nami nimezoea kuwajibu hiyo."

Mkaguzi alikuwa ameshapiga hesabu ya kutoa kichwani. "Baba! Tofauti ni milioni thelathini kamili. Na kwa mwezi tunaongeza elfu arobaini na nne tu!"

"Tu?" baba alisema. "Hizo elfu arobaini na nne zitoke wapi? Nimekwisha kujikamua mpaka tone la mwisho. Nikishindwa kulipa, nyumba inauzwa, na hapo tumekosa vyote."

Alikuwa na haki, na afisa aliitikia kwa kichwa. Mama alifikiri. Alitaja nauli, akataja umeme, akataja vitu vidogo vidogo, na havikufika hata nusu. Kisha akakumbuka chumba cha mbele. Aligeuka akamtazama mdogo wake. Baba naye akamtazama. Mkaguzi akamtazama.

Mjomba aliacha kuchunguza dari. "Mbona mnanitolea macho?"

"Mdogo wangu," mama alisema kwa upole, "chumba kama kile mtaani kwetu kinapangishwa kwa shilingi ngapi?"

"Dada, jamani! Mimi ni mgeni!"

"Mgeni wa mwaka wa tatu," Mkaguzi alisema, na hata afisa akaziba mdomo kwa mkono.

Mjomba alijikuna kisogo. Alikuwa mtu wa kelele, lakini moyo wake ulikuwa mzuri, na alijua ni nani aliyemshawishi shemeji yake achukue mpango ule. "Haya. Elfu arobaini na tano kila mwezi. Sitachelewesha." Akafikiri kidogo, uso ukamchangamka. "Kumbe godoro langu lina thamani ya milioni thelathini! Kuanzia leo mnigongee mlango kabla ya kuingia."

Baba alicheka, kicheko cha kwanza tangu Jumamosi. Karatasi zikaandikwa upya. Safari hii aliusoma ukurasa wa nne kwa kidole, mstari kwa mstari, kabla ya kushika kalamu.

Walipotoka, alimshika binti yake bega. "Nilikwambia utoe sifuri ambayo haikuwepo. Nisamehe, mwanangu."

Jumamosi iliyofuata baba alikusanya viti katikati ya sebule, akavifunika kwa shuka kuukuu, akafungua kopo la rangi. Kwa mara ya kwanza alikuwa anapaka nyumba yake. Alianza kona ya mbali, na alipofika kwenye hesabu ya chaki alisita.

"Nifute kwanza, au tuiache kidogo?"

"Futa, Baba. Nimeshaikariri."

Mama alikuwa amesimama mlangoni na kikombe cha chai. "Na kuna neno moja nataka uliweke pamoja na hiyo hesabu," alisema. "Zahanati kila siku napokea watu wamezidiwa. Tukiwapa dawa ya maumivu wanapata nafuu, na mimi nafurahi. Lakini sijawahi kumwambia mtu aliyepata nafuu kwamba amepona. Huwa namuuliza daktari, huyu atapona lini, na mpaka apone itamgharimu nini. Sisi tulisikia neno nafuu tukadhani tumepona. Siku mtu atakapokuuzia kitu kwa kulipa kidogo kidogo, iwe simu, iwe kiwanja, iwe nyumba, usimwulize ya mwezi peke yake. Muulize, mpaka siku ya mwisho nitakuwa nimetoa ngapi?"

"Sikia hiyo," mjomba alisema kutoka chumba cha mbele. "Nami nilikuwa nataka kununua runinga ya kulipia kidogo kidogo kila mwezi!"

"Jumla yake ngapi, Mjomba?" Mkaguzi aliuliza.

Kutoka chumba cha mbele ikasikika sauti ya mtu akipekua vitu kutafuta kalamu.

Baba alipangusa chaki kwa kitambaa, akachovya brashi na kupiga mkono wa kwanza.