Niligeuza Uzi, Shangazi Akakosa Duka

Nina miaka sabini sasa, nina wajukuu, na bado nikiona mtu anatunga shanga natazama pembeni. Wasomaji wenzangu, naona haya!

Nilimaliza darasa la saba katika kijiji chetu cha ujamaa, karibu na Kinyangiri. Mama alikufa mapema, akanilea shangazi Nyamwi. Alitembea pekupeku ili mimi nivae viatu vya shule...

Ukafika wakati wa kuchagua msimamizi wa duka la ushirika. Walijitokeza watatu: shangazi, mzee Kitundu, na Elia, kijana tuliyependana. Wengi hawakujua kusoma, basi nikabuni njia. Kila mtu atunge kwenye uzi punje tatu zilizolowekwa: hindi ni mzee Kitundu, harage ni shangazi, mbegu ya boga ni Elia. Umpendaye zaidi akae kwenye fundo la mwanzo wa uzi, kisha wa pili, kisha wa tatu. Asipopatikana aliyevuka nusu, mwenye kura chache anatolewa, punje yake inavutwa, na inayofuata kutoka fundoni ndiyo kura. Kijiji kizima kilinisifu, kikanipa na kazi ya kuhesabu. Kichwa kikavimba!

Siku ya kuhesabu hakuna aliyevuka nusu. Mzee Kitundu akatolewa. Nikashika nyuzi za waliomchagua, nikavuta mahindi... harage, harage, tena harage! Shangazi alikuwa anashinda. Lakini Elia aliniahidi kwamba akipata duka tutafunga ndoa. Ningefanya nini mimi, msichana niliyependa?

Niligeuza zile nyuzi, nikazihesabu kuanzia mkiani. Mkiani zilikaa mbegu za boga. Nikamtangaza Elia. Shangazi akampa mkono, akanitazama, akaenda zake kupika.

Posa haikuja. Baada ya mavuno nikasikia Elia anaoa msichana wa Iguguno! Nikamfuata dukani nikilia, nikamweleza nilivyogeuza nyuzi kwa ajili yake.

“Umemgeuka aliyekulea,” alisema. “Mimi ungenigeuka lini?” Akaendelea kupima chumvi.

Nikarudi nyumbani, nikapiga magoti. “Shikamoo, shangazi.”

“Marahaba.” Nikafungua kinywa nikiri, akanikatiza. “Mwanzo ni kwenye fundo, mwanangu. Si ulinifundisha mwenyewe?”

Alijua! Siku zote zile alinipakulia ugali huku akijua... Hakugombea tena kitu chochote mpaka alipofariki.

Mabinti zangu, nawasihi, mkiaminiwa kura za watu zihesabuni kama zilivyo. Mimi nilipata msamaha bila kuuomba, na mpaka leo chakula cha kupakuliwa na mtu mwingine kinanikwama kooni.